Ziwa Limefungwa, Baba Yuko Wapi?

Wazee wangu shikamooni. Vijana, mambo. Nimepewa mada ya uanaume wa leo. Hapa Kibirizi, Kigoma, tuizungumze kimwaloni.

Mwaka 2024 Ziwa Tanganyika lilipumzishwa kuanzia Mei 15 hadi Agosti 15 ili samaki wazaliane, kwa makubaliano na Burundi, Kongo na Zambia. Sina ugomvi na hilo. Ninachouliza ni nani alilisha watu miezi ile mitatu. Mnatazamana, jibu mnalo: mama mwenye gunia la dagaa wakavu na hisa zake za kikoba.

Sasa mtafuteni baba. Asubuhi mapema keshatoka, koti la kuvulia begani, utadhani chombo kinamsubiri. Anapanda mjini, mtaa wa Mwanga, anashinda barazani kwa watu, ilimradi wanawe wasimkute nyumbani mchana. Akirudi, akiwekewa ugali, anasema ameshakula. Hajala. Wiki ya pili anachukua mkopo wa kausha damu, ule wa riba ya kukamua, aingie na kilo mbili za nyama, asikie watoto wakishangilia. Mke atalijua lile deni siku mdai anapobisha hodi kuchukua redio.

Kwani akisema "mama Asha, mwenzio sina" kuna nini? Anajua kijiweni watamwita marioo, mwanaume wa kulelewa na mwanamke. Na kina mama msicheke. Wengine jina hilo linawatoka ninyi, tena mbele ya mashoga zenu.

Hata Sheria ya Ndoa ya 1971 inamtaka mume amtunze mke. Mke mwenye uwezo anawajibika kumtunza mume pale tu mume anaposhindwa kujipatia riziki kwa maradhi au majeraha. Ziwa kufungwa halimo.

Kukaa kimya huku kuna gharama. Takwimu za Shirika la Afya Duniani zinaonyesha wanaume wanajiua takriban mara mbili ya wanawake. Na hapa kwetu aliyejaribu akanusurika, kisheria ametenda kosa. Huyo ataanzia wapi kusema?

Ombi langu ni dogo. Kila ziwa linapokaribia kufungwa, kaa na mkeo mpige hesabu: dagaa mlio nao, kikoba, ada za watoto, na unachodaiwa na tajiri wa chombo. Hicho cha mwisho ndicho mnachoruka, nawajua. Kitajeni kwanza.

Naona mzee kule nyuma kasimama kitambo. Mpeni kipaza sauti.