Turubai Lililofunika Ufa

Mwenyekiti wa kikao, wazee wangu shikamooni. Na nyinyi vijana mliokaa karibu na mlango ili mpate kutoroka kabla ya maswali, nimewaona.

Nimekuja na vitu viwili. Hiki ni kipande cha sponji, nimekikata kwenye godoro kuukuu nyumbani na mwenye nyumba bado hajagundua. Hiki kingine ni kipande cha turubai, la kawaida tu, la kufunikia lori. Kwa vitu hivi nataka kuwaeleza jinsi New Orleans, mji wa jimbo la Louisiana kule Marekani, ilivyozama, na kwa nini mimi niliyezeekea kwenye kufundisha hesabu za maji bado nabishana na kila anayeniambia kwamba mji ule ulizamishwa na kimbunga.

Kimbunga chenyewe tumalizane nacho mapema. Sisi tulio karibu na ikweta hatupitiwi navyo mara kwa mara, ingawa si kwamba hatuvijui. Aprili 1872 kimoja kiliishukia Unguja kikailaza mikarafuu, Pemba ikasalimika. Mei 2024 tulilala na redio tukifuatilia habari za Hidaya. Cha wenzetu kiliitwa Katrina. Kilijikusanya karibu na Bahamas tarehe 23 Agosti 2005, kikakata kusini mwa Florida, kikaingia Ghuba ya Meksiko. Bahari ya huko mwezi wa Agosti ni ya vuguvugu, na joto la bahari ndilo chakula cha kimbunga. Jumapili tarehe 28 upepo wake ulifika kilomita 280 kwa saa, daraja la 5, hakuna la juu ya hapo. Lakini usiku kikapungua nguvu. Jumatatu asubuhi, kwenye saa kumi na mbili, kilipogusa ardhi ya Louisiana pale Buras kilikuwa kimeshuka hadi daraja la 3, na kitovu chake kikapita mashariki mwa mji.

Kule mashariki, pwani ya jimbo la Mississippi, bahari ilipanda zaidi ya mita 8 ikafagia mitaa mizima ikabaki misingi tu. Huko nakubali, kimbunga ndicho kilichoua. Lakini New Orleans? Asubuhi ile wapo watangazaji waliosema mji umeponea chupuchupu.

Sasa sponji. Naomba glasi hiyo ya maji. Nalilowesha, mnaona lilivyojaa. Nalikamua, linasinyaa. Sponji ukililowesha tena linarudi kama lilivyokuwa, na hapo ndipo mfano wangu unapokufa, kwa sababu udongo ninaousema haurudi.

Wafaransa walipoanzisha mji ule mwaka 1718 chini ya kiongozi wao Bienville hawakuwa wajinga. Walijenga kwenye ukingo wa mto Mississippi, ambao mto wenyewe uliuinua kwa kumwaga mchanga na tope kila ulipofurika, maelfu ya miaka. Nyuma ya ukingo huo, hadi Ziwa Pontchartrain, kulikuwa kinamasi na miti ya majini. Kwa karibu miaka 200 mtu mwenye akili timamu hakujenga huko. Na mwaka 2005 sehemu ile kongwe ya Wafaransa kwa kiasi kikubwa haikuingiwa na maji.

Kilichobadilisha mambo ni pampu. Mwaka 1913 mhandisi wa mji, Baldwin Wood, alibuni pampu kubwa kupita zote za wakati wake, na nasema bila kejeli kwamba ni kazi ya kipaji. Nyingine zilidumu kazini hadi karne hii. Zikanyonya kinamasi kikakauka, viwanja vikapimwa, mitaa ikashuka hadi ufukweni mwa ziwa. Lakini udongo wa kinamasi ni mboji, majani yaliyolala ndani ya maji vizazi na vizazi. Yakiwa majini hayaozi. Ukitoa maji, hewa inaingia, mboji inaoza na kupotea, ardhi inadidimia. Ikididimia, mvua inatuama zaidi. Ikituama, unaongeza pampu. Ukiongeza pampu, ardhi inadidimia tena. Ilipofika 2005 karibu nusu ya mji ilikuwa chini ya usawa wa bahari, penginepo zaidi ya mita 2. Mji ulijichimbia shimo kwa kujikausha.

Hapa naomba umakini, maana ndipo hadithi yote ilipo. Mtu anayeishi ndani ya bakuli, mvua ikinyesha lazima aipandishe juu ya ukingo wa bakuli. Basi wakachimba mifereji kutoka katikati ya mji hadi ziwani. Pampu ziko ndani, kwenye mwanzo wa mfereji. Mdomo wa mfereji, wakati ule, ulikuwa wazi ziwani. Siku ya kawaida maji yanatoka mjini kwenda ziwani. Ziwa likipanda, maji ya ziwa yanaingia ndani ya mfereji, yanapita katikati ya makazi ya watu, juu kuliko sebule zao, yamezuiwa na ukuta tu. Mfereji wa kutolea maji umegeuka mlango wa kuyaingizia.

Kuta hizo ziliwekwa namna hii. Unapigilia mabamba ya chuma ndani ya tuta la udongo, juu yake unamwaga ukuta wa zege. Swali ni moja tu: mabamba yaende chini kiasi gani? Mwaka 1985 Kikosi cha Wahandisi wa Jeshi la Marekani, ambacho ndicho kilichobeba jukumu la kuta zile, kilifanya jaribio. Wakajenga kipande cha ukuta cha ukubwa halisi kwenye kinamasi cha Atchafalaya, wakakijazia maji upande mmoja, wakapima kinavyoinama. Maji yakawa yanavuja, jaribio linasumbua. Wakaweka turubai.

(Hapa nanyanyua turubai langu. Naona mmecheka.)

Turubai lilizuia uvujaji, vipimo vikapatikana. Lakini ukuta ulipoinama, kati ya chuma na udongo palifunguka ufa, na ufa huo ulikuwa chini ya turubai. Maji hayakuuingia. Kwenye mfereji halisi hakuna turubai; maji huingia kwenye ufa, hushuka hadi chini, husukuma ukuta kwa nguvu ambayo hesabu haikuwa nayo. Kutokana na matokeo yale ikaonekana inatosha kupigilia mabamba kama mita 5, badala ya mita 9 hadi 14. Akiba iliyopatikana ilikadiriwa kuwa dola milioni 100. Watafiti walioyarudia mahesabu hayo waliyachapisha mwaka 2015, miaka kumi baada ya mazishi.

Basi Jumatatu ile, mfereji wa Barabara ya 17. Maji yamepanda lakini hayajafika ukingo wa juu. Sisitizeni hilo kwenye daftari zenu: hayajafika juu. Ukuta unainama, ufa unafunguka, maji yanaingia, na chini kuna udongo laini wa mfinyanzi unaoteleza kama sabuni. Ilipofika saa nne kasorobo asubuhi, kipande cha mita 140 hivi cha tuta kilikuwa kimeteleza chote na ukuta wake hadi kwenye viwanja vya watu. Mfereji wa London Avenue ulipasuka mahali pawili, nao bila maji kupita juu yake. Upande wa mtaa wa Lower Ninth Ward ilikuwa tofauti, pale maji yalipita juu ya ukuta wa mfereji wa viwandani kisha ukaanguka, na tishari likapita kwenye pengo likakaa juu ya nyumba. Kwa jumla matuta na kuta zilipasuka mahali zaidi ya 50. Asilimia 80 ya mji ikawa ziwa.

Mtu huuliza, kwa nini hawakuondoka? Meya alitoa amri ya lazima Jumapili asubuhi, na wengi waliondoka, foleni za magari kilomita nyingi. Wakabaki wasio na gari, na walikadiriwa kufika 100,000. Halafu angalieni tarehe. Ishirini na tisa. Hapa ukumbini kuna mtu asiyeijua tarehe 29 ya mwezi? Mfukoni hamna kitu, hela ya msaada wa serikali inaingia tarehe mosi. Hoteli utalipa na nini?

Na waliokufa si vijana wakaidi, kama ilivyosemwa sana wakati ule. Louisiana karibu nusu ya waliokufa walikuwa na miaka 75 na zaidi. Mfikirie bibi wa umri huo. Maji yanatokeza sakafuni, kabla hajapata viatu yamefika magotini. Friji linaelea na kulala ubavu, linaziba mlango wa jikoni. Anapanda darini, chini ya paa, kwenye joto la Agosti. Maji yanamfuata huko. Kwenye kimbunga Betsy cha 1965 watu walinasa darini namna hiyo hiyo, na tangu hapo ikawa desturi ya kule: darini panakaa shoka, la kutobolea paa ukitoka. Lakini ukishakuwa na miaka 78 shoka lenyewe utalinyanyua?

Waokoaji walipopita walichora alama ya X kwa rangi mlangoni: tarehe, jina la kikosi, hatari iliyomo ndani, na robo ya chini idadi ya waliokutwa. Wapo waliokarabati nyumba wakaiacha ile X ukutani. Hesabu ya waliokufa kwa Katrina kote ilisemwa miaka mingi kuwa 1,833. Mwaka 2023 Kituo cha Taifa cha Vimbunga cha Marekani kiliishusha hadi 1,392. Bado ni watu.

Mahakamani waathirika hawakupata kitu kwa kuta za mifereji. Baada ya mafuriko makubwa ya mto Mississippi ya 1927, Bunge lao lilipitisha sheria mwaka 1928 kwamba serikali haishtakiwi kwa madhara ya maji ya mafuriko kwenye kazi zake za kuyazuia. Kikosi cha Wahandisi kilikiri mwaka 2006 kwamba mfumo wake ulishindwa. Kukiri ni bure.

Zilizojengwa baadaye ni kazi nzito, sitaki kuzibeza: dola bilioni 14.5, ukuta wa bahari wa kilomita karibu 3 pale Ziwa Borgne, na mageti kwenye midomo ya ile mifereji, ili ziwa lisiingie tena mjini. Kimbunga Ida kilipokuja, tarehe 29 Agosti 2021, siku ileile miaka 16 baadaye, kuta zilisimama. Umeme ndio uliokatika mji mzima, na wapo waliokufa kwa joto. Na mwaka 2019 wahandisi haohao walikuwa wameshaandika kwamba ardhi inaendelea kudidimia na bahari inapanda, matuta yatahitaji kuinuliwa mapema kuliko walivyodhani.

Naona mkono. Ndiyo, mama.

Anauliza kwa nini hawakuwahamisha watu wa mabondeni moja kwa moja. Mama, walijaribu. Januari 2006 tume ya mji ilitoa ramani ya mpango, na gazeti likaichapa. Baadhi ya mitaa ya chini ilikuwa imewekewa vidoti vikubwa vya kijani: hapa pangefaa kuwa bustani. Mtu amekimbilia jimbo jingine, nyumba yake ina tope, mzazi wake hajazikwa, anafungua gazeti anaona kidoti cha kijani juu ya uwanja wa babu yake. Na wengi wa mitaa hiyo walikuwa Weusi, waliokumbuka ni nani huhamishwa kila bustani inapohitajika. Wakafurika kwenye mikutano wakapiga kelele, meya akauacha mpango.

Kwa hesabu zangu za maji, ramani ile ilikuwa na sehemu kubwa ya ukweli. Ningekuwa mwenye uwanja, ningeichana.