Jana Ulilala Wapi?

Wazee wetu wa Tabora, wanafunzi wa sheria na ndugu wote mliofika,

Mtuhumiwa anapopelekwa kwa mlinzi wa amani, yaani ofisa wa mahakama anayeandika maungamo, ili akiri kosa, mwongozo wa Jaji Mkuu unataka aulizwe maswali kadhaa, na mojawapo ni mahali alipolala kabla ya siku hiyo. Wengi hulipita haraka. Mimi naliona kuwa zito kuliko yote, kwa maana aliyelala mikononi mwa waliompiga, naye anajua atarudishwa kwao, hawezi kuhesabiwa kuwa amesema kwa hiari.

Ibara ya 13(6)(e) ya Katiba inakataza mtu kuteswa. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai inawapa polisi saa 4 za msingi za mahojiano, na muda huo hauongezwi ila kwa utaratibu. Maelezo ya onyo, yaani yale ambayo polisi huyaandika baada ya kumwonya mtuhumiwa, yakipingwa kwamba yametolewa kwa kipigo, ni upande wa mashtaka unaopaswa kuthibitisha hiari, na Mahakama Kuu husimamisha kesi ya msingi ili isikilize kwanza kesi ndogo juu ya jambo hilo.

Lakini mwenye jeraha anahitaji PF3, fomu ya polisi ya uchunguzi wa majeraha, ili daktari aandike alichokiona, na fomu hiyo hutolewa kituo cha polisi, pengine kilekile alikopigiwa. Kesi inapofika mbele ya jaji, kovu limekwisha kufifia, na linabaki neno la mahabusu dhidi ya neno la askari. Jambo hili linaniumiza sana.

Wazee mnakumbuka yaliyotokea mwaka 1976 kwa jirani zetu wa Shinyanga na Mwanza, katika operesheni ya kuzima mauaji ya watuhumiwa wa uchawi. Watu waliteswa, wengine wakafia mahabusu, na mwaka 1977 Waziri wa Mambo ya Ndani, Ali Hassan Mwinyi, alijiuzulu ingawa si yeye aliyeinua fimbo. Mauaji ya vikongwe hayakukoma kwa mateso yale.

Kwa hiyo, ndugu yako akikamatwa, andika siku hiyohiyo saa aliyochukuliwa, kituo alichopelekwa na hali ya mwili wake ulipomwona mara ya mwisho. Karatasi hiyo inaweza kusema mahakamani alikolala, pale ambapo mwenyewe ataogopa kusema.