Frankenheimer na majenerali wake

Haya, huko nyuma mnanisikia? Poa. Leo nina mtu mmoja tu, John Frankenheimer, mzaliwa wa New York 1930. Wengi mtasema hamumjui, lakini Ronin mmeiangalia, ile ya magari kukimbizana Paris na Nice, basi ni huyo huyo, ila magari leo tunayaweka kando maana mimi alinishika na filamu zake za siasa na wanajeshi.

Jamaa alianzia jeshini, kikosi cha anga, huko ndo akashika kamera. Alivyotoka akaingia CBS, kituo cha televisheni, enzi za tamthilia za laivu, yaani hakuna kurudia, mwigizaji akisahau maneno nchi nzima inamwona amekodoa macho. Akaongoza zaidi ya mia moja za namna hiyo. Ukitaka kumtambua angalia hivi: sura ya mtu iko karibu kabisa na lenzi mpaka jasho unaliona, halafu mwingine kasimama mbali kule nyuma, na wote wawili wako kwenye fokasi. Mimi siku hizi namwangalia wa nyuma kwanza, mara nyingi ndo mwenye mambo.

1962 akatoa filamu tatu, mwaka mmoja! Mojawapo ni The Manchurian Candidate, mwanajeshi wa Marekani ametekwa Korea, katiwa kasumba, karudi nyumbani shujaa kumbe ni muuaji asiyejijua, na anayemwendesha ni mama yake mzazi. (Angela Lansbury alimzidi huyo "mwanawe" Laurence Harvey miaka mitatu tu, nikikumbuka nacheka.) Sasa kuna sini Frank Sinatra anahangaika kumtoa mwenzake kwenye ile kasumba na picha ina ukungu. Wachambuzi wakasifia weee, eti tunaona kwa macho ya mtu aliyevurugwa akili. Ukweli ni kwamba msaidizi wa kamera alikosea fokasi, wakarudia, Sinatra hakuifikia tena ile ya kwanza, basi wakaiweka hiyo hiyo mbovu. Nyie mnaofuta klipu kisa ukungu mnanisikia lakini?

Halafu 1964 Seven Days in May, jenerali anataka kumpindua rais kwa sababu kasaini mkataba wa nyuklia na Warusi. Pentagon, makao makuu ya jeshi la Marekani, hawakutoa ushirikiano, ila Rais Kennedy mwenyewe aliitaka filamu itengenezwe, akaenda zake Hyannis Port, nyumbani kwao, wikendi ili watu wapige sini ya waandamanaji wanapigana nje ya Ikulu. Na Pentagon je? Waliificha kamera ndani ya gari, mwigizaji Kirk Douglas kavaa sare za kanali, akatembea mdogo mdogo mpaka mlangoni, na walinzi wakampigia saluti. Mimi hapo huwa narudisha nyuma naangalia tena, maana filamu nzima inasema hatari ni mtu mwenye sare ambaye hakuna anayemuuliza.

The Train nitaigusa tu, vita ya pili, Ufaransa, treni za kweli zinagongana kweli. Mwigizaji Burt Lancaster aliumia goti akicheza gofu siku ya mapumziko, wakaandika mhusika wake kapigwa risasi mguuni, kazi ikaendelea.

Kilichomvunja ni Juni 1968. Robert Kennedy, mdogo wake yule Rais, alikuwa rafiki yake, alikaa kwake Malibu, na jioni ile Frankenheimer ndiye aliyemwendesha kwa gari mpaka Hoteli ya Ambassador, Kennedy akapigwa risasi humo. Baada ya hapo pombe, Ulaya, filamu nyingine hata sitaki kuzitaja.

Akarudi kwa mlango aliotokea, televisheni. 1994 mpaka 1998 akazoa Emmy nne, zile tuzo za televisheni, mojawapo kwa Andersonville, kambi ya mateka kwenye vita ya Wamarekani wenyewe kwa wenyewe. Ya mwisho Path to War, Mei 2002, Julai akafariki. Humo majenerali hawapindui mtu. Wanakaa mezani na Rais Johnson, wasomi watupu, wanaongea kwa adabu, wanaomba askari wa kupeleka Vietnam, anawapa, wanarudi wanaomba tena. Mimi hawa wananitisha kuliko yule wa 1964.

Nimeandaa kipande cha dakika sita. Kaka ulopo karibu na swichi, tuzimie taa.