Misimu Minne na Robert

Wanafunzi wangu, filamu ya hali halisi tuliyoitazama hivi punde, Southern Comfort, ni kazi ya Kate Davis, mtengenezaji filamu huru wa Marekani. Mwaka 2001 ilitwaa Tuzo Kuu ya Majaji kwenye tamasha la filamu la Sundance. Mimi nataka tuzungumzie namna alivyokaa na mtu.

Mtu mwenyewe ni Robert Eads wa Toccoa, Georgia. Mmemwona: ndevu, kiko mdomoni, mzee wa shamba kabisa. Alizaliwa mwaka 1945, akalelewa kama msichana, akaolewa, akazaa watoto wawili. Ukubwani akaishi kama mwanamume, kwa sababu ndivyo alivyojijua. Mwaka 1996 akapatikana na saratani ya ovari. Madaktari zaidi ya 20 walimkataa. Zaidi ya 20! Alipokuja kupata wa kumtibu, ugonjwa ulikwisha kusambaa.

Mwingine angeanzia hospitalini. Kate alianzia nyumbani kwa Robert, na kamera ndogo ya video, akawa anarudi msimu baada ya msimu. Ndiyo maana tunamjua kwanza kama baba, kama rafiki, na kama mpenzi wa mwanamke aitwaye Lola, halafu ndipo tunauogopa ugonjwa wake.

Nimejaribu kuyatia mazungumzo ya filamu hii katika Kiswahili. Nilidhani kazi itakuwa nyepesi, maana "yeye" wetu haonyeshi mume wala mke, na "amekuja" ni amekuja tu. Kurasa za mwanzo zikaenda vizuri. Nikakwama kwenye neno moja: "aliolewa". Mtazamaji akilisoma atamwona mwanamke, ilhali mbele yake kuna mzee na kiko chake. Nikaandika "alikuwa kwenye ndoa". Sentensi ikapoa, tena nikahisi ninamfichia siri ambayo yeye haifichi. Siku ya tatu nikalirudisha "aliolewa". Niliona ni heshima kumwachia maisha yake yote, hata yale yanayotutatiza sisi.

Majira ya majani kupukutika, mwaka 1998, Robert amekonda. Aliomba afike tena kwenye mkutano wa kila mwaka wa wenzake, watu waliobadili jinsia kama yeye, kule Atlanta, na akafika. Anacheza dansi na Lola, polepole, wameshikana. Januari 1999 alifariki.

Fundi, tafadhali turudishie kipande hicho cha dansi. Safari hii zima sauti, tuwatazame mikono.