Kuthibitisha Programu Mahali Ambapo Mtandao Hukatika

Waheshimiwa walimu, ndugu wanafunzi,

Hapa Bukavu kila mmoja wetu anajua hali hii: mtu anatuma franka 10.000 kwa simu, na mtandao unakatika kabla hajapata jibu. Simu ikirudia ombi lile lile, je, seva itatambua kuwa imekwisha kulishughulikia, au itamkata mtumaji pesa mara ya pili?

Tumezoea kujaribu programu mara nyingi, kisha kuikabidhi. Lakini kosa la namna hii hutegemea mpangilio wa matukio, na majaribio huugundua mpangilio huo kwa bahati tu. Kati ya 1985 na 1987, mashine ya tiba ya mionzi iitwayo Therac-25 iliwapa wagonjwa sita wa Marekani na Kanada mionzi iliyozidi mno, na baadhi yao walifariki. Moja ya makosa yake lilijitokeza pale tu mhudumu mwenye mkono mwepesi aliporekebisha maagizo kwenye skrini ndani ya sekunde chache.

Mbinu rasmi, yaani za kuthibitisha programu kwa hisabati, huanzia kwingine. Kwanza tunaandika kwa hisabati kanuni isiyopaswa kuvunjika, kwa mfano kwamba pesa za mtumaji, za mpokeaji na zilizo njiani, zikijumlishwa, hazibadiliki. Kisha tunaeleza kila hatua, kukatika kwa mtandao kukiwemo, kwa sababu kwetu huko ni sehemu ya mfumo wenyewe. Kikaguzi cha TLA+, lugha ya kuandikia maelezo kama hayo aliyoibuni Leslie Lamport, hupitia kila hali inayoweza kufikiwa katika kielelezo hicho.

Hapa naomba tutulie kidogo, kwani kikaguzi kitasema kanuni yetu imetimizwa. Pesa zilizokatwa mara mbili zimefika mara mbili, na jumla haijabadilika! Kilichopungua ni kanuni ya pili: kila agizo litekelezwe mara moja tu. Tukiiongeza, kikaguzi kinatuonyesha njia ya kosa: ombi linafika, pesa zinahamishwa, jibu linapotea, simu inarudia. Dawa yake ni kila agizo kupewa namba yake, ambayo seva huitunza ili ilitambue likirudiwa. Kwa maoni yangu, kazi ngumu zaidi ni hiyo ya kutamka tunachokitaka.

Mjini Paris, programu ya usalama ya treni zisizo na dereva za metro namba 14, iliyofunguliwa 1998, ilijengwa na kuthibitishwa kwa mbinu B ya Jean-Raymond Abrial, mojawapo ya mbinu rasmi. Ninyi anzeni na simu mbili na maagizo matatu, maana idadi ya hali hukua upesi mno. TLA+ hupatikana bure, na ikishapakuliwa hufanya kazi bila intaneti.