Unafanya mazoezi? Neno tunaloulizia na jibu tunalolipata

Mbukwenyi!

Ndugu walimu, maafisa michezo, wanafunzi wangu, na wazazi mliofunga biashara mchana huu mkaja kukaa nasi hapa Dodoma, asanteni sana. Nimeombwa nizungumzie namna ya kupima mitazamo ya watu kuhusu elimu, mapumziko na mazoezi ya mwili. Nitaanzia kijijini.

Tulikuwa Chamwino, mimi na wanafunzi wawili waliokuwa wanajifunza kuhoji. Tukamkuta bibi mmoja anatoka bombani, ndoo ya lita 20 kichwani, juu ya kata ya khanga kuukuu. Mwanafunzi wangu mmoja, binti mwenye adabu zake, akamwamkia, akamtua ndoo, wakakaa kivulini.

"Bibi, wewe unafanya mazoezi?"

"Mazoezi? Hayo si ya vijana wa mjini, mjukuu wangu? Mimi mifupa imeshachoka."

Binti akaweka vema kwenye kisanduku cha "Hapana". Maji ndani ya ndoo yalikuwa bado hayajatulia.

Kila ninapoisimulia habari hii darasani, wanafunzi hukimbilia kumsahihisha bibi. Wanasema hajui kwamba kubeba maji nako ni mazoezi. Mimi nasema bibi alijibu sawasawa. Kwa Kiswahili chake, ambacho ndicho chetu, mazoezi ni kitu ulichokitengea muda: unavaa raba, unatoka alfajiri, unakimbia, unarudi pale pale ulikotoka, na hukubeba chochote. Kubeba maji ni kazi. Kosa lilikuwa letu tulioandika swali.

Shirika la Afya Duniani lina dodoso la shughuli za mwili lenye maswali 16, na halianzi kwa kumuuliza mtu kama anafanya mazoezi. Linamuuliza kuhusu kazi zake, kisha safari zake za kutembea au baiskeli, kisha muda wake wa mapumziko, na mwisho muda anaokaa tu. Hesabu sasa: bibi anayekwenda bombani mara mbili kwa siku, nusu saa kila safari, anapata dakika 420 kwa wiki. Kiwango ambacho shirika hilo linampendekezea mtu mzima, kwa shughuli za nguvu ya wastani, ni dakika 150 hadi 300. Bibi aliyewekewa "Hapana" amewapita wengi wetu tuliomo ukumbini.

Lakini hiyo ni hesabu ya anachokifanya. Mtazamo wake uko kwenye yale maneno ambayo hayakuwa na kisanduku: "ya vijana wa mjini". Hapo alituambia mazoezi ni mali ya nani. Lile ndilo jibu tulilolifuata kijijini, na ndilo tuliloliacha pale kivulini.

Zamani wataalamu walibishana kama kitu kilichomo moyoni mwa mtu kinaweza kupimwa. Mwaka 1928 Louis Thurstone wa Chuo Kikuu cha Chicago aliandika makala ambayo kichwa chake kilisema wazi kwamba mitazamo inaweza kupimwa. Njia yake ilikuwa ndefu. Unakusanya sentensi nyingi kuhusu jambo moja, unaziandika kwenye kadi, unawapa waamuzi wazipange katika mafungu 11, kuanzia inayolikataa kabisa hadi inayolipenda kabisa. Ukishajua kila sentensi inakaa fungu lipi, ndipo unakwenda kwa watu kuwauliza wanakubaliana na zipi. Mwaka 1932 Rensis Likert akaja na njia fupi: mpe mtu sentensi, mwache achague katika ngazi tano, kutoka nakubali sana hadi sikubali kabisa, halafu jumlisha alama. (Jina lake hutamkwa Likat. Wengi tumezoea Laikati, na mimi nilizoea hivyo miaka mingi.) Njia fupi ndiyo iliyoenea dunia nzima, na ndiyo iliyomo katika karibu kila dodoso mnaloletewa shuleni.

Katika kuenea huko, kitu kimoja kilisahaulika. Wale waamuzi wa Thurstone walikuwa wanafanya kazi kubwa: kabla swali halijafika kwa mtu yeyote, watu wengine wamekaa na sentensi ile mkononi wakajiuliza, hii hasa inasema nini? Sisi tunachukua dodoso la Kiingereza, tunalifasiri usiku, asubuhi linapigwa chapa.

Tazameni neno mchezo. Nilikuwa Majengo sokoni, nikamuuliza mama mmoja muuza nyanya kama anacheza mchezo wowote. Akajibu bila kusita: "Nacheza, wa elfu kumi kila wiki. Mwezi ujao napokea mimi." Alikuwa anazungumzia mchezo wa kupeana fedha, na kila mwanamke aliyekuwa karibu alimwelewa hivyo hivyo. Mwambie mzazi kwamba mwanao anapenda mchezo, atajua unamshitaki mtoto. Mwambie anapenda michezo, atafurahi. Herufi moja imegeuza lawama kuwa sifa.

Na recreation ya wenzetu tuiiteje? Ukisema starehe, umeshamhukumu mtu, maana mpenda starehe kwetu ni mtu asiyejali familia. Ukisema burudani, atafikiria muziki na kinywaji. Mapumziko ni kulala, au kengele ya saa nne shuleni. Mimi siku hizi sitafuti neno moja tena. Nauliza: "Kazi zikiisha, na hakuna anayekuita, unapenda kufanya nini?" Swali limekuwa refu, ila watu hulijibu. Mzee mmoja wa Hombolo alinijibu "bao", na akaendelea kunieleza kwa robo saa anacheza na nani na chini ya mti upi.

Sasa nije kwenye kosa langu mwenyewe, kwa sababu nawaona walimu vijana hapa ambao watalirudia. Dodoso langu la kwanza lilikuwa na sentensi 20, na nusu yake niliziandika kwa kukanusha, kama vitabu vinavyofundisha, ili nimkamate anayekubali kila kitu bila kusoma. "Mazoezi hayana faida kwa mkulima." "Somo la michezo halistahili kuwa kwenye ratiba." Majibu yaliporudi yaligongana. Mtu yule yule amekubali sana kwamba mazoezi yana faida, na mistari mitatu chini amekubali sana kwamba hayana. Niliandika kwenye daftari langu kwamba wahojiwa hawakuwa makini, nikatupa karatasi nyingi. Naona uchungu hadi leo, kwa sababu watu wale waliacha kazi zao wakanipa muda.

Aliyenifungua macho ni mwalimu mstaafu, mzee wa Kongwa. Akaniuliza: "Mwalimu, nikikuuliza 'hujala?', wewe ukajibu 'ndiyo', umekula au hujala?" Mimi nikasema, sijala. Akasema, "Basi." Kwa Kiswahili, ndiyo ya swali la kukanusha inathibitisha ule ukanushaji. Ila mtu aliyezoea mkao wa Kiingereza anaweza kusema ndiyo akiwa na maana amekula. Kijiji kimoja kina watu wa aina zote mbili, na pengine mtu mmoja hubadilika kati ya asubuhi na jioni. Ongeza hapo ngazi ya "sikubali", sasa unamtaka mtu asikubali kwamba kitu hakifai. Hapo hupimi mtazamo wake juu ya michezo, unapima subira yake.

Na msifikiri namba zitawaokoa. Kuna kipimo kinachoitwa alfa, alichokieleza Lee Cronbach mwaka 1951, kinachoonyesha kama maswali yako yanakwenda pamoja. Wengi wakipata 0.7 na kuendelea wanashukuru Mungu. Lakini kama maswali yote yameelekea upande mmoja, na watu wamekubali yote kwa heshima ya mgeni, alfa itapanda vizuri tu. Heshima nayo huenda pamoja.

Heshima hiyo inanileta kwenye elimu. Hapa kuna watu wa Kibaigwa, wanalijua soko la mahindi na wanaijua lumbesa: gunia limejaa, halafu linafungwa kilemba juu yake, na bado linahesabiwa gunia moja. Majibu mengi kuhusu elimu ni lumbesa. Muulize mzazi yeyote wa mkoa huu kama elimu ni muhimu. Atakujibu nakubali sana, na ataongezea kilemba: elimu ni ufunguo wa maisha. Tumelisikia tangu utotoni, liko kwenye kuta za madarasa. Ukiwauliza watu mia wakajibu mia kwa sauti moja, hujajua lolote kuhusu tofauti zao, na mizani inayosoma uzito uleule kwa debe na kwa gunia haina kazi sokoni.

Kwa hiyo shuka chini. Uwele umeanza kukomaa, kwelea kwelea wametanda, na shambani hakuna wa kuamia ndege. Mtoto wa darasa la tano afanye nini wiki hiyo? Aende shule siku zote, aende siku kadhaa, au abaki shamba mpaka mavuno yaingie ndani? Hapo wazazi wanatofautiana, na wanajibu kwa kufikiri. Ada za sekondari hadi kidato cha nne zilifutwa mwaka 2016, hivyo kwa wengi swali la fedha ya ada halipo tena mlangoni. Lililobaki ni la mikono: nani atafanya kazi ya yule aliyekwenda shule. Na mzee aliyesoma baada ya 1967, enzi za Elimu ya Kujitegemea, shule ikiwa na shamba lake, anaweza kuona wiki ile ya ndege kuwa nayo ni elimu. Msimwandikie kwamba ana mtazamo hasi, mwulizeni kwanza elimu kwake ni nini.

Pengo kati ya usemi na tendo si letu peke yetu. Marekani, mwanzoni mwa miaka ya 1930, Richard LaPiere alisafiri na mume na mke Wachina, wakaingia hoteli na migahawa 251, wakakataliwa mara moja tu. Baadaye akawaandikia wenye nyumba zile kuwauliza kama wangepokea Wachina. Waliojibu, zaidi ya asilimia 90 walisema hapana. Kule watu walikataa kwa karatasi na kukubali mlangoni. Kwetu, kwenye elimu ya watoto na mazoezi ya watu wazima, naona mara nyingi ni kinyume chake.

Mwaka 1968 Gerald Kenyon alitusaidia sana aliposema mtazamo juu ya shughuli za mwili si mmoja. Aliugawa mara sita: kukutana na watu, afya, msisimko wa kasi na hatari, uzuri wa kutazamwa, kutua mzigo wa moyo, na kujinyima kwa ajili ya ushindi. Naupenda mgawanyo huu kwa sababu unaniruhusu kuingiza ngoma. Nendeni mkawatazame akina mama wa Kigogo wakipiga muheme, ngoma zimebanwa katikati ya mapaja, mikono haipumziki, jasho linatiririka. Waulize kama ni mazoezi, watacheka. Waulize kwa nini wanakuja, watakutajia wenzao, watakutajia uzuri wa mdundo, na mmoja aliniambia, "Nikipiga, naacha mambo yangu pale." Hivyo ni visanduku vitatu kati ya sita vya Kenyon, na afya haimo. Afisa michezo anayewahamasisha kwa bango la shinikizo la damu anagonga mlango usio wao.

Namalizia na karanga. Kwa watoto tumeacha zile ngazi tano. Tunampa mtoto karanga kumi na visahani vinne: kusoma, kucheza, kazi za nyumbani, kupumzika. Anazigawa jinsi siku yake ilivyo, halafu anazigawa upya jinsi ambavyo angependa iwe. Tunafanya nje, mbali na mwalimu wake, maana shule moja niliwahi kuona mkuu amesimama nyuma ya madawati kwa fimbo wakati watoto wanajaza kama wanaipenda shule.

Binti mmoja wa darasa la sita aliweka karanga sita kwenye kazi, tatu kwenye kusoma, moja kwenye kupumzika. Kucheza palikuwa patupu. Nikamwambia, sasa panga unavyopenda. Akachukua tatu kutoka kwenye kazi, akazishika mkononi, macho kwenye kisahani cha kucheza. Nikamuuliza angecheza nini. "Netiboli." Akazipeleka, akazishikilia juu ya kisahani bila kuziachia. Kisha akazirudisha moja moja.

"Mbona umezirudisha?"

"Mwalimu, hizi ni za maji. Nikizitoa, nani atachota?"

Icek Ajzen aliandika mwaka 1991 kwamba mtazamo peke yake hautoshi kumfikisha mtu kwenye tendo. Watu wanaomzunguka wana uzito wao, na yeye mwenyewe lazima aone kwamba jambo limo katika uwezo wake. Yule mtoto alilisema hilo kwa karanga tatu, na dodoso letu halikuwa na mahali pa kuliandika.

Nakala za dodoso jipya ziko mezani pale mlangoni. Swali la 9 linasema: "Ukienda kucheza, kazi yako nyumbani anaifanya nani?" Chukueni kalamu, mliseme kwa sauti kama mnavyosema nyumbani kwenu, na kila neno linalowakwaza mlipigie mstari. Nitazikusanya kabla hamjaondoka.