Sikio Lina Upendeleo

Asanteni. Nikimwambia mtu kwamba kazi yangu ni kurekodi sauti, huniuliza: umemrekodi mwimbaji gani? Nikijibu kwamba nimetoka kurekodi mikoko, hudhani namtania.

Basi tuanze na hiyo mikoko. Pale Mida Creek, karibu na Watamu, maji yakijaa unaweza kukaa ukingoni usisikie zaidi ya upepo na ndege. Zamisha haidrofoni, ile maikrofoni ya majini, halafu vaa hedifoni: ni mchakacho mtupu, kama vitumbua vinapotiwa kwenye mafuta ya moto, na haukomi. Hao ni kamba wadogo wasiozidi kidole. Kila mmoja ana gando moja kubwa kuliko jenzake. Akilifumba, maji huruka kwa kasi hadi kikazuka kiputo, na kiputo kikipasuka ndipo unaposikia ta! Mwanzoni ni kelele tu. Kaa nayo. Baadaye utaanza kumtenga wa karibu na wa mbali, kisha chini yao utapata ngurumo ya injini ya boti ambayo macho hayajaiona. Majini sauti husafiri zaidi ya mara nne ya kasi yake hewani.

Huku nchi kavu nako tunapitwa na mengi, ila sababu ni sisi wenyewe. Ukiongea na mwenzako kwenye steji ya matatu, sikio humfuata yeye na kuwafuta makanga. Kinasa sauti hakina upendeleo huo. Ukirudi nyumbani kusikiliza, kanga ndiye mwenye rekodi. Mwenzako hata hasikiki.

Mwaka 1944, jijini Cairo, Halim El-Dabh, mtunzi wa muziki wa Misri, aliazima kinasa sauti cha waya kutoka kituo cha redio, akaenda nacho kwenye zaar, ngoma ya pepo ambayo watu wa pwani hawatahitaji kuelezwa. Studioni akaziondoa sauti za msingi za waimbaji, akabakiza mwangwi na mitetemo. Anayetajwa sana kuwa mwanzilishi wa sanaa hii ya kutunga muziki kwa sauti zilizorekodiwa ni Pierre Schaeffer wa Paris, lakini kazi zake za kwanza ni za 1948. Mimi nampa El-Dabh haki yake. Hata hivyo swali linabaki: wale wanawake wa zaar walijua sauti zao zinakwenda wapi? Kijana wetu KMRU, msanii wa sauti na mjukuu wa Joseph Kamaru yule mwimbaji, ameligusa jambo hilo kwa kuzifanyia kazi rekodi za zamani za Afrika zilizowekwa kwenye makumbusho ya Tervuren, Ubelgiji.

Kwa hiyo mimi huomba ruhusa kabla mashine haijatoka mkobani, iwe kwa nahodha au kwa mama wa genge. Nikikataliwa, naondoka. Nikikubaliwa, nataja kwa mdomo wangu mahali, saa, na kama maji yanajaa au yanakupwa, maana majina ya faili hupotea. Kisha nanyamaza. Tabu kubwa huwa ni mwili wangu mwenyewe: viatu kwenye changarawe, tumbo linalonguruma, na nguo. Vaeni pamba, nailoni inapiga kelele kuliko mtu.

Sasa tunatoka pamoja hadi sokoni Marikiti. Vinasa sauti ni vitano tu, tupeane zamu. Na dakika ishirini za mwanzo, tafadhali, asiwashe mtu.